Uliza Ujibiwe: Leseni ya kuvua samaki Marekani, mkazi analipa ngapi na mgeni ngapi

Haya wasomaji wangu, habari za huko mliko. Safu ya mara hii nimeiacha iwe ya jambo moja tu, manake meseji zimekuwa nyingi na zote zinazunguka palepale. Ni watu wa Tanga na Bagamoyo wenye watoto, wadogo zao, mashemeji, wamehamia Marekani, sasa wakienda kuwatembelea wanataka na wao wakatie mshipi kidogo, wanaambiwa huku bila leseni hutumbukizi kitu majini. Wengine wanadhani wanatishwa. Hamtishwi jamani, ni kweli, na afadhali mjue kabla hamjapanda ndege.

Kabla sijaanza kujibu, hili mliweke kichwani: Marekani hakuna leseni moja ya kuvulia ya nchi nzima. Majimbo yako 50 na kila jimbo lina idara yake, bei zake, umri wake na maana yake ya nani mkazi nani mgeni. Leseni ya jimbo moja ukivuka nayo mpaka ukaingia kuvua jimbo jingine, kwa kawaida haikusaidii kitu. Kwa hiyo mtu akikwambia "leseni ya Marekani ni dola kadhaa" muulize kwanza, jimbo gani? Na mgeni kwa maana yao siyo sisi tu tunaotoka huku, hata Mmarekani wa kuzaliwa akitoka jimbo la jirani ni mgeni na analipa bei ya mgeni. Bei ntakazotaja humu ni za serikali za majimbo na hupandishwa mara kwa mara, kwa hiyo ukikaribia safari mwambie mwenyeji wako afungue tovuti ya idara ya jimbo lake aangalie tena.

Hujambo mwanangu. Mwanangu wa kwanza yuko Houston, Texas, na mkewe, wamenitumia tiketi nakwenda mwezi wa saba nikae nao miezi mitatu inshallah. Mi ni mzaliwa wa Tongoni, mshipi nimefundishwa na marehemu baba. Sasa huyu mtoto ananiambia mama huku huruhusiwi kutia mshipi baharini mpaka ulipe leseni, nikamwambia hata mshipi wa mkono na ndoana moja? Na mi mtu mzima wa miaka 71, wazee si husamehewa? Bibi wa Ngamiani, Tanga

Sijambo bibi, shikamoo. Mwanao kakwambia kweli, na mshipi wa mkono nao umo. Texas hawaangalii unavua kwa fimbo ya bei mbaya au kwa uzi uliozungushia kopo, wanachoangalia ni kwamba unatafuta samaki kwenye maji ya watu wote. Mwenye miaka 17 na kuendelea anatakiwa awe na leseni.

Kwa umri nako nisikufiche, nafuu ya wazee Texas ni ya wakazi. Mkazi aliyefikisha 65 analipa dola 12 kwa maji baridi au dola 17 kwa bahari, ambapo mkazi wa kawaida analipa 30 na 35. Wewe bibi umetoka Ngamiani, kwao ni mgeni, na mgeni kama wewe hapunguziwi kwa mvi. Leseni ya mwaka ya mgeni ni dola 58 kwa maji baridi, yaani mito na maziwa, dola 63 kwa bahari, na dola 68 ukitaka yote kwa pamoja. Lakini iko na ya siku moja, dola 16 kwa mgeni, inakuruhusu baharini na maji baridi. Sasa piga hesabu mwenyewe: siku tatu za kuvua ni dola 48, siku nne ni 64, hapo umeshapita ile ya mwaka ya baharini. Kama utakwenda mara mbili tatu tu na wajukuu, chukua za siku. Kama nakujua mtu wa Tongoni, utataka kwenda kila Jumamosi, chukua ya mwaka.

Ila hapa kuna jambo linawaumiza wageni wengi sana. Mwaka wa leseni Texas hauanzi Januari, unaanza tarehe 1 Septemba na unaisha tarehe 31 Agosti. Wewe unafika mwezi wa saba. Ukinunua ya mwaka siku ya pili ya kufika, tarehe 31 Agosti imekufa, na wewe bado uko Houston mpaka mwezi wa kumi. Kwa hiyo bibi, Julai na Agosti tumia za siku moja moja, halafu mpya zinaanza kuuzwa katikati ya Agosti kwa ajili ya mwaka unaofuata, hapo ndo ununue ya mwaka ikubebe Septemba na Oktoba. Mwambie mwanao asome mstari huu mara mbili.

Na kuna mlango mwingine wa halali kabisa. Ndani ya hifadhi za jimbo la Texas, hizi za mapumziko zilizo chini ya idara yao ya wanyamapori, ukivua kutoka ukingoni au kwenye gati lililo ndani ya hifadhi huhitaji leseni, unalipa kiingilio cha getini basi. Kutoka Houston kwenda Galveston kwa gari ni kama saa moja na ushee, na huko kuna Galveston Island State Park. Muulizeni mlinzi wa getini mnaruhusiwa kusimama wapi, mshushe ndoana. Sheria za kipimo na idadi zinabaki palepale hata kama leseni umesamehewa.

Kipimo ndo nini? Nieleze hili vizuri manake sisi huku mtu akipata samaki kapata. Kule Galveston kuna samaki wanamwita redi dramu, ana rangi ya shaba na doa jeusi karibu na mkia, mtamu, watu wanampenda. Unaruhusiwa kuchukua watatu kwa siku, na kila mmoja awe na urefu wa inchi 20 mpaka 28, yaani kama sentimita 51 mpaka 71. Mdogo anarudishwa akue. Mkubwa naye anarudishwa, kwa sababu wale wakubwa ndo wazazi, mayai yote yako kwao. Ruhusa ya kumchukua mkubwa ipo ila ya kuhesabu na ina lebo yake maalumu, usijiingize huko kwa safari ya kwanza. Shemeji yangu anaishi upande huo, anasema askari wa wanyamapori anakuja kwa utaratibu, anasalimia, anaomba leseni, halafu anakwambia nifungulie hilo kuliboksi, anamtoa samaki mmoja mmoja anamlaza kwenye rula, mdomo umefumbwa, mkia umebanwa kwa vidole, anasoma. Hana ugomvi na mtu. Ila ukikutwa huna leseni faini yake kwa Texas ni kuanzia dola 25 mpaka 500, na ile ya siku ilikuwa 16.

Ya kununulia: maduka ya vifaa vya uvuvi, maduka makubwa kama Walmart upande wa vifaa vya michezo, au mtandaoni. Kule wataulizia namba ya hifadhi ya jamii. Usishtuke, hiyo ni sheria ya serikali kuu ya Marekani ya mwaka 1996 iliyokusudiwa kuwabana wazazi wanaokimbia matunzo ya watoto, ikaingizwa mpaka kwenye leseni za uvuvi. Mgeni asiye na namba hiyo anaandikishwa kwa pasipoti, kwa hiyo bibi nenda dukani na pasipoti yako mkononi, ni rahisi kuliko kuhangaika na simu.

Mambo vp. Mi niko mwaka wa kwanza chuo huko Minnesota, kwetu Sahare. Washkaji wanavua ziwani, mpaka kwenye barafu wanatoboa tundu. Nimeambiwa mgeni analipa mara mbili, na mi si Mmarekani. Niseme tu mi ni mkazi? Nina miezi minne huku.

Poa mdogo wangu. Usiseme chochote ambacho si kweli kwenye fomu ya serikali ya watu, hasa wewe ambaye visa yako inategemea rekodi safi. Na bahati nzuri huna haja ya kudanganya, sheria ya Minnesota imekufikiria tayari. Kwa kawaida mkazi kwao ni raia au mwenye ukazi wa kudumu aliyekaa jimboni siku 60, wewe humo hauingii. Lakini kuna kifungu cha wanafunzi: mtu asiye mkazi anayesoma masomo ya kutwa kwenye chuo cha ndani ya jimbo na anaishi humo wakati wa masomo anaruhusiwa kupata leseni ya kuvua kwa bei ya mkazi, akionyesha uthibitisho wa uanafunzi na wa mahali anapoishi. Bei zilipopangwa upya kwa mwaka 2018 mkazi aliwekewa dola 25 kwa mwaka na mgeni 51, kwa hiyo umeokoa nusu nzima kwa kubeba kitambulisho cha chuo na barua ya hosteli. Mwaka wao wa leseni unaanza tarehe 1 Machi.

Kuhusu barafu: wakati maji yako wazi unaruhusiwa mshipi mmoja tu, kwenye barafu miwili. Na usitangulie wewe wa Sahare kukanyaga barafu ya mwezi wa kumi na mbili, waache wenyeji waipime unene kwanza, hilo nakwambia kama kaka yako.

Nauliza, mtu kama hanunui leseni ila anamshikia mwenzie fimbo tu wakati mwenzie anafungua chambo, au anavua halafu anawarudisha samaki wote majini, hapo si sawa? Na watoto? Mama Wawili, Chumbageni

Si sawa mama. Ukishika fimbo ambayo ndoana yake iko majini wewe unavua, na kumrudisha samaki hakufuti kwamba ulimvua. Watoto ndo wamesamehewa ila umri unatofautiana: Texas chini ya miaka 17, Florida na California chini ya 16. Kwa hiyo mtoto wa miaka 16 anayevua bure Texas akipelekwa likizo Florida anakatiwa yake.

Habari kaka. Napata kazi ya hoteli Florida, na kabla sijaanza mume wangu atanifuata wiki moja. Yeye ni mtu wa boti kabisa, amekulia Bagamoyo pale Customs kwa wauza samaki. Tufanyeje ili avue bila shida? Dada wa Bagamoyo

Hongera dada yangu. Florida wana mpangilio unaoeleweka haraka kwa mtu wa wiki moja. Mgeni analipa dola 17 kwa siku tatu, dola 30 kwa siku saba au dola 47 kwa mwaka, na leseni ya bahari ni tofauti na ya maji baridi, usinunue moja ukadhani umemaliza. Mkazi ni dola 17 kwa mwaka mzima. Yaani siku tatu za mumeo ni sawa na mwaka wa jirani yako, ndo maana watu wanaona inauma.

Akitaka boti, apande boti ya kukodi yenye nahodha aliyekata leseni ya kubeba wavuvi. Leseni ya boti ile inawafunika abiria wote, mumeo hahitaji yake binafsi siku hiyo. Muulizeni nahodha kabla hamjalipa, swali moja tu, leseni yako inatufunika? Kuna magati ya kuvulia nayo yana mpango huohuo, unalipa getini na leseni ya gati inakufunika. California wao wameenda mbali zaidi, kwenye gati la umma la baharini huhitaji leseni kabisa, mkazi na mgeni sawa.

Wewe mwenyewe ukishahamia na ukawa na kitambulisho cha Florida chenye anuani ya hapo, kuna leseni ya kuvua bahari ukiwa umesimama nchi kavu ambayo mkazi anapewa bure. Bure ni bei tu lakini, kuikata ni lazima uikate.

Na umwambie mumeo mapema, manake mtu aliyekulia pale Customs mkono unamwasha kuuza: samaki wa leseni ya burudani hauzwi. Hata mmoja. Hata kwa jirani, hata kwa mgahawa wa Mtanzania mwenzenu. Kuuza kuna leseni zake za biashara, masharti mengine kabisa, na kwa mtu aliyeingia kwa visa ya kutembea hiyo tena ni kesi ya kufanya kazi bila ruhusa.

Mwandishi, mi mzee wa Dunda Bagamoyo nimevua tangu utoto. Bahari kaumba Mungu, samaki kaumba Mungu. Hao Wamarekani matajiri wanamtoza mtu hela avute samaki mmoja, na mgeni wanamtoza zaidi. Huo si uchoyo? Hizo hela zinakwenda wapi?

Shikamoo mzee wangu. Swali lako ndo nimelipenda kuliko yote na naomba uniruhusu nirefushe.

Hela zinakwenda kwa samaki. Nasema hivyo kwa sababu wamefunga kwa sheria. Mwaka 1950 Rais Harry Truman alisaini sheria ya kurejesha samaki wa uvuvi wa burudani, ambayo inawatengea samaki kodi ya vifaa, asilimia 10 kwenye fimbo, rili ya kuzungushia uzi, ndoana na vingine, kodi inalipwa kiwandani huko kabla kitu hakijafika dukani. Fedha ile inakusanywa na serikali kuu halafu inarudishwa kwa majimbo, na namna ya kugawana imeandikwa: asilimia 40 inaangalia ukubwa wa eneo la jimbo, asilimia 60 inaangalia jimbo lina watu wangapi waliolipia leseni. Umeona hapo mzee? Kila anayekata leseni anaongeza fungu la jimbo lake mara mbili, kwanza ile dola aliyolipa, pili kuhesabiwa kwake. Anayevua bila leseni hajaidanganya serikali tu, amelipunguzia ziwa lake.

Na sharti kubwa kuliko yote ni hili: jimbo likichukua hela ya leseni likaipeleka kwenye mambo mengine, barabara, mishahara ya ofisi nyingine, sherehe, linajiweka kwenye hatari ya kukosa ule mgao wa serikali kuu. Hela ya samaki ibaki kwa idara ya samaki na wanyamapori. Ndo zinalipa vituo vya kuzalisha vifaranga vya samaki, watafiti wa kuhesabu samaki, sehemu za kushushia boti, na yule askari mwenye rula.

Kuhusu mgeni kulipa zaidi, sababu yao ni kwamba mkazi analipa kodi nyingine za jimbo mwaka mzima na mgeni anakuja siku tatu anachukua samaki anaondoka. Alaska nao wamekaza: mkazi dola 20 kwa mwaka, mgeni dola 100, au akate ya siku moja dola 15, siku tatu 30, siku saba 45. Akitaka yule samoni mkubwa wanayemwita kingi, anaongeza stempu yake. Na ili uitwe mkazi wa Alaska uwe umekaa miezi 12 kamili. Lakini angalia mkazi anapata nini. Kuna uvuvi wa kitoweo cha nyumbani kwenye mto Kenai kwa wavu wa mpini mrefu, mtu anaingia majini mpaka kifuani anaukinga, samoni wanaopanda mto wanaingia wenyewe. Mkuu wa kaya anaruhusiwa samoni 25 na kila mtu wa nyumbani kwake anaongeza 10, kwa hiyo kaya ya watu sita ni samaki 75 wa kuweka kwenye friza. Mgeni hata awe tajiri vipi haruhusiwi uvuvi huo, hauuzwi kwa bei yoyote. Mi hapo sioni uchoyo mzee wangu, naona watu waliokaa wakasema kwanza wenye nyumba wale.

Na sisi wa ukanda huu tunajua bahari isiyo na mwenyewe inakuwaje. Tanga tumeishi miaka mingi na mlio wa baruti, mtu anarusha chupa moja, anaokota wanaoelea, waliozama anawaacha, na mwamba uliokuwa nyumba ya changu na tasi na chewa unabaki vifusi. Aliyerusha alikula siku ile. Waliotia dema palepale baada yake walipandisha dema tupu. Bahari kaumba Mungu, hapo tuko pamoja, na mi naamini alitukabidhi tuitunze.

Mkwe wangu ni Mmarekani wa Texas, anakuja na binti yangu Desemba, anataka kuvua hapa Tanga na fimbo zake. Anasema kwao bila leseni huvui, sasa ananiuliza huku anatakiwa nini, mi nikamwambia huku bure tu. Nimekosea? Baba wa Raskazone

Umekosea baba, ila bado muda upo wa kumrekebishia. Tanzania uvuvi uko chini ya Sheria ya Uvuvi ya mwaka 2003 na kanuni zake za 2009, na kuvua kunataka leseni, na chombo nacho kinasajiliwa na kukatiwa leseni. Leseni ni ya aliyeandikwa, huwezi kumwazima mkwe ya kwako. Sasa huku hatuna duka la pembeni la kukatia leseni, mlango wake ni kwa afisa uvuvi wa halmashauri, huyo ndo atakuelekeza namna ya kukata inayomfaa mgeni anayevua kwa burudani, utapewa kontro namba ulipe benki au kwa simu, risiti uitunze. Usimpe mtu hela mkononi ufukweni akakwambia nimeshakumalizia. Mwende siku ya kazi na pasipoti yake, na msingoje wiki ya Krismasi ofisi zikiwa nusu.

La pili ni wapi atavua. Bahari ya mbele yetu siyo yote iko wazi. Kuna Hifadhi ya Bahari ya Silikanti ya Tanga, imepewa jina la yule samaki wa kale wa vilindini, imetangazwa 2009, inaanzia upande wa kaskazini mwa jiji inateremka mpaka upande wa Pangani, na ina ofisi yake, taratibu zake na malipo yake kwa mgeni anayeingia. Kuna na kisiwa cha Maziwe mbele ya Pangani, hilo ni eneo tengefu, watu wanakwenda kuogelea na kuangalia matumbawe, kuvua hapana. Marekani nako iko hivyohivyo, mkwe atakuelewa ukimwambia, manake hata leseni ya jimbo haifai ndani ya Yellowstone, hifadhi ile ina kibali chake peke yake.

La tatu mwambie aviache nyumbani vitu viwili: bunduki ya kuvulia ya mshale, na wazo la kuzamia na mtungi wa hewa akakamate samaki. Vyote kanuni zetu zimekataza, na kwa watu wa kwao ni michezo ya kawaida kwa hiyo anaweza kuvibeba bila nia mbaya. Fimbo zake, mshipi na ndoana hazina neno.

Akimpata kasa kwenye mshipi amkate uzi karibu na mdomo amwachie. Silikanti sitarajii ampate kwa fimbo, wale wanakaa vilindini na walikuwa wakinaswa na majarife ya wavuvi wetu wa Kigombe kuanzia 2004, lakini naye ni marufuku kama nguva. Na asubuhi ya kutoka, kabla hamjapakia vitu, pitieni kwa viongozi wa BMU, kile kikundi cha wanajamii cha kusimamia uvuvi, wa ufukwe mnaoondokea muwaonyeshe leseni na mseme mnaelekea wapi. Nahodha mtafute hapohapo kwao, mwenye chombo kilichosajiliwa, ndo atajua mwezi huo kolekole na nguru wako upande gani na upepo wa kaskazi unageuka saa ngapi.